Neno la Kilatini kwenye Banda la Ng'ombe

Vijana wangu wa idara ya mifugo, mmeniomba niwaandikie mawili matatu ya kazini, sasa nimekabidhi funguo na viatu vya mpira na kuhamia rasmi kwenye bustani yangu ya mchicha. Nimekubali, kwa sharti kwamba sitaandika habari za vyeo wala mishahara. Hizo zimo kwenye faili langu, na mwenye kukosa usingizi akalisome.

Nitaandika habari za kigoda. Ni kile cha miguu mitatu kilichopo pembeni ya kabati la dawa, ambacho mnawekea birika la chai. Mwezi wangu wa mwisho mmoja wenu aliniuliza kama kitupwe. Sikumjibu papo hapo kwa sababu nilikuwa nafikiria kama atupwe yeye. Nimemsamehe, maana hakuna aliyewahi kumsimulia.

Niliripoti Mwanza mwanzoni mwa miaka ya tisini, cheti kikiwa kwenye bahasha ya kaki, na mama yangu kule Sengerema ameshalitangazia kanisa zima kwamba binti yake ni daktari. Sikuwa daktari. Nilikuwa mtaalamu msaidizi, yule ambaye wafugaji wote humwita bwana mifugo. Hapo ndipo shida ilipoanzia, kwa sababu kila nilipobisha hodi nyumbani kwa mtu, wenyeji walichungulia nyuma yangu kumtafuta huyo bwana. Stoo walinipa viatu vya mpira namba kumi. Mimi navaa namba tano. Mtunza stoo aliniambia nisijali, nitakua.

Nilikabidhiwa kwa Mzee Magesa, mtu wa Majita, mrefu, mwenye koti zito la kahawia alilolivaa masika na kiangazi. Hakuwa mzee kama mnavyodhani, hata miaka hamsini na tano hakuwa ameifikisha. Ni mwendo wake tu uliomzeesha. Alitembea polepole mpaka kuku walimpita. Ofisini walimwita Padri, kwa sababu ujanani alikaa seminari miaka kadhaa, akafundishwa Kilatini, kisha akarudishwa nyumbani. Nilipomuuliza ilikuwaje, alinijibu bila kinyongo.

“Waliniuliza kama nina wito. Nikawaambia, nipeni muda nifikirie. Wakanipa nauli.”

Siku ile ya kwanza nilitegemea anikabidhi sindano. Alinikabidhi kigoda. Tulikwenda kwa mfugaji mmoja jirani na ofisi, Mzee akaipindua ndoo akaikalia, mimi nikakalia kigoda, na mbele yetu ng'ombe amelala zake kivulini. Nikafungua mkoba wa dawa.

“Funga mkoba, binti.”

“Tunafanya nini, Mzee?”

“Tunakaa.”

“Mpaka saa ngapi?”

“Mpaka tumjue.”

Akanionyesha shingo ya yule ng'ombe. Donge la majani lilipanda kutoka tumboni, unaliona kabisa chini ya ngozi, likaingia mdomoni, na taya zikaanza kazi. Akaniambia nihesabu ametafuna mara ngapi kabla hajameza. Nikahesabu hamsini na mbili. Donge la pili, hamsini na nne. La tatu lilinipotea kwa sababu nzi aliniingia sikioni. Mzee akasema huyo hana tatizo, kwa sababu ng'ombe anayecheua hamsini na kitu, amelala ametulia, hana neno na mtu. Akipunguza, kuna jambo. Akiacha kabisa, uache na wewe ulichokuwa unafanya.

Njiani kurudi ndipo aliponipa lile neno.

“Warumi walikuwa na neno ruminare,” alisema. “Lilitokana na rumen, yaani koo, na lile tumbo la kwanza ambamo ng'ombe anaweka majani akiba. Maana yake kucheua. Halafu wakalichukua neno hilohilo wakalitumia kwa mtu anayelirudia jambo kichwani, analipandisha tena, analitafuna mpaka linalainika. Waingereza waliliazima, wanalo mpaka leo.”

“Kwa hiyo mtu mwenye akili walimfananisha na ng'ombe?”

“Si mwenye akili. Anayefikiri. Hao ni watu wawili.”

Nikamwambia kwetu Usukuma ng'ombe tunampa heshima zote, tunamwimbia na kumtoa mahari, lakini hatujawahi kumsingizia kufikiri. Mzee akacheka mpaka akasimama, maana kwake kucheka na kutembea zilikuwa kazi mbili. Akaniambia Warumi haohao walikuwa na neno jingine la kufikiri, hilo walilitoa kwenye kupima uzito kwa mizani. Lakini hilo, alisema, tuwaachie wa sokoni.

“Ila usisahau sehemu ya mwisho,” akaongeza. “Ng'ombe anacheua, halafu anameza. Anayetafuna bila kumeza, huyo hafikiri. Huyo amenuna.”

Kusema kweli nilimwona ni mvivu aliyepata kisingizio cha Kilatini. Na wala hakunisaidia kumwona vingine. Siku moja alisinzia juu ya ndoo yake, mtamba mmoja mwenye udadisi akamlia kurasa mbili za daftari la ziara. Mkuu wetu wa kazi, Bwana Masalu, alipodai maelezo ya maandishi, Mzee aliandika kwa mwandiko wake mzuri wa seminari kwamba taarifa ya juma hilo bado inacheuliwa.

Kisha soko huria likatufikia sawasawa. Kabla ya hapo dawa zilitoka stoo ya serikali, na mara nyingi zilikuwepo kwenye karatasi tu. Sasa ukifika Mabatini unakuta duka la dawa za mifugo limebanwa katikati ya muuza mitumba na fundi redio, chupa zimepangwa mpaka darini, na muuzaji anakushauri hata kabla hujamwambia mgonjwa ni nani. Mimi nililewa. Mradi fulani ukatuletea na pikipiki moja. Mzee aliikataa, akasema inafika kabla hajaamua anakwenda wapi, basi ikawa yangu. Nilifunga mkoba nyuma, nikafunga kitambaa kichwani, nikaanza kuchoma sindano Nyamagana nzima. Ng'ombe mwenye joto, ndigana, ile homa ya kupe. Asiye na joto, ndigana inayojificha. Kwenye daftari la ziara niliandika ng'ombe kumi kwa siku, siku nyingine kumi na mmoja. Mzee aliandika watatu.

Soko huria hilohilo lilikuja na neno jingine, kupunguza wafanyakazi. Asubuhi moja Bwana Masalu aliniita, madaftari yetu mawili yamefunguliwa mezani, akaniambia sisi wa kutembelea wafugaji tuko wawili na amri imetoka abaki mmoja.

“Hapa sina cha kujiuliza,” alisema, akigonga kidole kwenye zile kumi zangu. “Nenda kaninakilie ziara zako za mwezi huu kwa mwandiko wa kusomeka, niziambatanishe kwenye barua.”

Nilielewa barua hiyo itamwondoa nani. Nilielewa pia kwamba karatasi ya kumwondolea ninaiandika mimi. Mzee Magesa hakuwa na shamba wala duka, na tangu arudishwe seminari hakuwahi kufanya kazi nyingine. Nikasema ndiyo, nikachukua daftari, nikatoka. Naiandika hii ili msije mkanifanya malaika. Nilikuwa na hofu ya kurudi Sengerema kumweleza mama alitangazie kanisa upya.

Nilipofika nje, pale kwenye ngazi alikuwa amekaa Mama Kulwa, mjane wa Butimba. Alikuwa na ng'ombe mmoja tu wa maziwa. Alizaliwa palepale kwake, mwaka ambao kila kitu kilikuwa kinaruhusiwa, Mama Kulwa akamwita Ruksa. Maziwa ya Ruksa ndiyo yaliyokuwa nguzo ya nyumba ile. Nilikuwa nimeshamtibu mara tatu. Mara mbili dawa ya ndigana, mara ya tatu dawa ya minyoo, ile ya bei ya juu. Mama Kulwa alikuwa amekuja kwa miguu.

“Shikamoo, mama.”

“Marahaba, mwanangu. Sindano zako nzuri sana, dokta. Tatizo ng'ombe hajui kama ni nzuri.”

“Amefanyaje tena?”

“Maziwa yamekata. Kula anadonoa kama kuku.” Akachungulia ndani ya ofisi, nyuma yangu, kama wale wa siku zangu za mwanzo. “Yule mzee anayekaaga, yupo?”

Liliniuma hilo. Lakini nilimwita Mzee, nikawasha pikipiki, na kwa mara ya kwanza akakubali kupanda, koti lake likipepea, macho ameyafumba kutoka ofisini mpaka Butimba. Aliposhuka alishika nguzo ya banda kwa muda, akasema kwamba njiani amesali Kilatini chote anachokijua.

Kisha akaomba ndoo. Mimi nikakaa kwenye kile kigoda, alichokuja amekipakata, mkoba umefungwa, simwangalii usoni kwa sababu nilikuwa najua niliyoyaacha mezani kwa Bwana Masalu, na yeye nilidhani hajui. Ruksa alikuwa amelala, mbavu zinahesabika, ubavu wa kushoto umejaa. Tukasubiri. Donge halikupanda. Baada ya muda mrefu likapanda moja, akatafuna mara kumi na tatu, akaacha, akabaki ametoa macho. Mara tatu nilizokuja nilimchoma akiwa amesimama, nikaondoka injini haijapoa. Sikuwahi kumwona amelala.

Nilitaka ainuke, aseme ugonjwa, tutibu, tuondoke. Hakuinuka. Tuliletewa chai, tukanywa, vikombe vikaondolewa. Halafu mama lishe mmoja akaingia na mzigo kichwani. Huyu kila siku alimletea Mama Kulwa maganda ya ndizi na viazi kutoka Mabatini, amsaidie na chakula cha ng'ombe. Zamani aliyaleta kwenye kapu. Siku hizi mifuko ya nailoni ilikuwa imeingia, ya bluu na nyeusi, bure karibu kila duka, na yule mama kwa wema wake aliyaacha maganda ndani ya mfuko ili yasikauke. Aliutua horini, akaaga, akaenda zake. Ruksa akajikokota akasimama, akanusa, akavuta. Maganda yakaingia, na kipande cha mfuko kikafuata nyuma yake.

Mzee akageuka akaniangalia. Hakutabasamu, na ningemshukuru kama angetabasamu.

“Sasa tumemjua,” alisema.

Akainuka, akaukandamiza ubavu wa kushoto kwa ngumi, akaniita na mimi nikandamize. Ulibonyea kama unga uliokandwa, na alama ya ngumi ikakaa. Nilikuwa nimemsomea Ruksa vitabu vyote vya homa, wala sikuwahi kuweka mkono pale.

Daktari wa mkoa alikuja siku ya pili. Akaganzisha ubavu, akampasua Ruksa akiwa amesimama, Mzee ameshika kichwa, mimi nimeshika ndoo. Akazamisha mkono mpaka begani kwenye lile tumbo la kwanza, akaanza kuvuta. Ilitoka nailoni iliyosokotana kama kamba ya meli, bluu, nyeusi, nyekundu, na harufu ambayo sitawaelezea kwa kuwa wengine mnasoma mkiwa mnakula. Ilijaa ndoo, ikajaa na beseni. Mama Kulwa alikuwa analia tangu mwanzo. Katikati ya kulia akanyoosha kidole.

“Ule mwekundu ni wangu! Ule niliutafuta tangu Pasaka!”

Daktari alicheka mpaka akaomba apewe dakika moja. Mzee alimnong'oneza Ruksa jambo sikioni. Mimi nilishindwa kucheka. Nilikuwa nawaza kwamba kwa kucheua ng'ombe analainisha kila kitu alichokimeza kwa haraka, isipokuwa hiki, na kwamba mimi nilikuwa namwongezea dawa juu yake.

Tuliporudi ofisini nilikaa na lile daftari ninakili ziara zangu kama nilivyoamriwa. Hapo ndipo nilipoona. Ruksa yumo mara tatu. Dume la fundi baiskeli mara nne. Ndama wa katekista mara tano, mpaka akafa, na hata siku aliyokufa nimeiandika ziara. Ng'ombe kumi wa siku moja walikuwa ni walewale, wanarudi kwenye daftari kwa sababu hawaponi. Nikavuta daftari la Mzee, lile lenye kurasa mbili zilizoliwa. Kila ng'ombe ameandikwa mara moja, na mbele ya jina ameweka neno moja, anacheua. Niliona aibu ambayo naihisi hata sasa nikiandika.

Nilinakili kama ilivyo, nikapiga mstari juu ya kila aliyerudiwa, nikampelekea Bwana Masalu. Alisoma, akavua miwani, akaivaa tena.

“Wamebaki wangapi kwa siku?”

“Wanne, mkuu.”

“Na Padri?”

“Watatu. Wake hawarudi.”

“Unajua unachokifanya, binti? Amri haijabadilika. Mmoja anatoka.”

Nilijua. Nikamwambia kwamba ikiwa ni lazima atoe mtu kwa kutumia daftari langu, basi atumie lililo kweli.

“Kwa hiyo huyu anatembea kwa miguu,” alisema Bwana Masalu polepole, “wewe una pikipiki, na mmezidiana ng'ombe mmoja.”

“Ndiyo, mkuu.”

Aligeuza kichwa akaangalia dirishani. Nje pale pikipiki yangu ilikuwa imesimama juani, inang'aa, nimetoka kuipaka mafuta asubuhi ileile. Nikajua nimeongea neno moja zaidi ya niliyokusudia.

Sijui aliwaandikia nini mkoani. Najua tu kwamba mafuta, tairi na matengenezo vilikuwa vinakula zaidi ya mshahara wa mtu, na kwamba idara yetu ilipunguza pikipiki, sisi wawili tukabaki. Walikuja kuichukua siku ya Ijumaa. Watumishi wengine walitoka kunipa pole kana kwamba nimefiwa, na mtunza stoo akaniuliza kama ile namba kumi sasa inanitosha. Mzee Magesa alisimama mlangoni na koti lake, akaipungia mkono mpaka ilipokata kona.

Nimalizie moja, kisha birika mlitafutie meza yake.

Wiki tatu baadaye tulikwenda Butimba kwa miguu, tukipanda kati ya yale mawe makubwa ya Mwanza, kuku wakitupita sote wawili. Ruksa alikuwa amelala kivulini, mshono ubavuni umekauka, manyoya yameanza kurudi. Mama Kulwa alikuwa ametundika kapu mlangoni, na kila mama lishe aliyeleta maganda ilibidi ayamwage humo mbele yake. Mzee akaomba ndoo yake, mimi nikaweka kigoda. Donge likapanda. Hamsini na moja. Nilitaka kupiga makofi.

“Mzee,” nikamwambia, “ulijua kwamba jina lako lilikuwa linapelekwa?”

“Nilijua kabla yako.”

“Mbona hukusema kitu?”

“Nilikuwa nacheua.”

“Na sasa?”

“Nimeshameza,” alisema. “Ilikuwa chungu kidogo, lakini ulipopeleka ile karatasi yako ikashuka.” Alikuwa anamtazama Ruksa, si mimi, na nilishukuru, maana machozi yalikuwa yananilenga. Yakapanda madonge mawili au matatu. Nilidhani amesinzia, nikasogeza daftari mbali na ng'ombe.

“Na lile swali la seminari,” akasema ghafla, “nalo nimelipatia jibu.”

“Jibu gani?”

“Wito ninao.”

“Mzee! Miaka thelathini, swali moja?”

“Kosa ni lao,” alisema. “Hawakuniuliza wito wa nini.”

Ruksa akameza. Shingo ikatulia kidogo, kisha donge jingine likapanda. Nikavuta kigoda karibu, nikaanza kuhesabu upya.